Gusta Lachs, Aliyekataa Jina la Mwalimu Lifutwe

Tumemleta hapa leo Gusta Lachs, binti wa Simon na Klara Druckmann, mama yetu, bibi yenu, na kwa wengi mliosimama kwenye tope hili, Bibi Gusta wa jukwaani. Anayesoma ni mimi, Tirtza, binti yake. Wasifu huu niliuandika mwezi Oktoba kwa amri yake, naye akausahihisha kwa kalamu nyekundu. Mahali nilipoandika kwamba alikuwa mpole, alilikata neno, akaandika pembeni, "Nani huyo?" Kwa hiyo hapa hamtasikia habari za upole, na mwenye malalamiko ayawahishe kwake kabla hatujafukia.

Marehemu alizaliwa tarehe 9 Machi 1931 katika mji mdogo wa Hliboceni, kusini mwa Bukovina, nchini Romania, akiwa mtoto wa kwanza kati ya wawili. Baba yake alikuwa fundi bati, na mama yake alisifiwa mji mzima kwa maandazi ya plamu. Mdogo wake Leopold, ambaye wote walimwita Poldi, alizaliwa mwaka 1937. Nyumbani walisema Kijerumani na baba, Kiyidi na bibi, na Kiromania na mbuzi, kwa sababu mbuzi alinunuliwa kwa Mromania na hakuelewa lugha nyingine. Walikula ugali wa mahindi na jibini jioni sita za wiki, na ya saba walikula kuku kama alipatikana.

Mwezi Septemba 1938 aliingia shule ya msingi ya hapo mjini. Mwalimu wake aliitwa Ilarion Grosu. Jina hili nitalitaja mara kadhaa leo. Rabi wetu mheshimiwa, kabla hatujaanza, aliniomba kwa upole niliruke, nami nikamjibu kwa upole uleule kwamba siliruki. Najua desturi yetu. Najua kwamba akitajwa mtu wa namna ile, midomo yenu inafunguka yenyewe kusema "jina lake lifutwe." Nawaomba leo mjizuie, na sababu itakuja mahali pake.

Grosu alimpenda mama. Alimfundisha kusema mashairi kwa moyo, asimame wima, asizungumze na watoto wa benchi la mbele bali na yule wa nyuma kabisa anayechokonoa pua. Siku ya taifa, Mei 1939, alimpandisha mbele ya mji mzima, msichana wa miaka minane, naye akasema beti kumi na sita bila kukosea. Serikali ilipowafukuza watoto wa Kiyahudi shuleni mwaka uliofuata, Grosu alianza kuja nyumbani mara mbili kwa wiki kumfundisha, akala maandazi ya Klara na kufuta masharubu kwa kitambaa cha Klara. Klara mwenyewe alisema mtu kama yule unampata mmoja katika mia.

Ijumaa tarehe 10 Oktoba 1941, mpiga ngoma wa mji alitangaza kwamba Wayahudi wote wawe stesheni kabla ya jioni, kila mtu na mzigo anaoweza kuubeba. Simon alikuwa ameshachukuliwa tangu Agosti kwenda kazi ya shuruti ambayo hakurudi tena, na koti lake la manyoya ya kondoo lilikuwa bado limetundikwa ukutani. Klara alimshika Poldi mkono, akapita naye bustanini, mama akifuata nyuma, mpaka nyumba ya mwalimu, Mtaa wa Kinu namba 14. Akamwachia mtoto pamoja na lile koti, ili apate kujifunika. Grosu alilia, na mama, mtoto wa miaka kumi, aliyaona machozi yenyewe. "Nenda tu, Mama Gusta," alimwambia Klara. "Huyu tangu leo ni mwanangu."

Treni haikuondoka siku ile. Asubuhi yake Grosu alikuja stesheni amevaa koti la Simon, amemshika Poldi mkono. Mtoto alikuwa anacheka, akidhani ameletwa kuaga. Mwalimu akamwambia askari, "Huyu mmemsahau." Hakuna aliyekuwa akimtafuta Poldi, na hakuna aliyemtishia Grosu. Mama alihakikisha nalielewa hilo kuliko jambo lolote jingine: orodha ya yule askari ilikuwa na majina ya watu wazima peke yao.

Poldi alikufa Moghilev, ng'ambo ya mto Dniester, Februari 1942, kwa homa ya chawa. Klara alimfuata baada ya siku kumi na tisa. Makaburi hawana. Ardhi ilikuwa imeganda, hivyo walilazwa nyuma ya zizi pamoja na wengine mpaka majira yalipobadilika, na baada ya hapo haijulikani nani alikwenda wapi. Mama alibaki katika nyumba ya yatima mpaka mwaka 1944, watoto walipopakiwa melini Konstanta kwenda Istanbul, na kutoka huko wakaletwa kwa treni hadi Haifa.

Masomo aliyaendeleza katika shule ya kilimo huku kaskazini, ambako alichukia ng'ombe kwa miaka minne mfululizo. Siku ya kwanza mwalimu wa kike alisoma jina lake na kutikisa kichwa.

"Gusta si jina la hapa. Kuanzia leo wewe ni Gila."

"Na wewe kuanzia leo ni Moshe," mama akajibu.

"Mimi ni Yehudit!"

"Umeona sasa inavyokera?"

Aliadhibiwa kukamua ng'ombe wiki nzima, lakini Gila hakuonekana tena katika karatasi yoyote.

Mwaka 1951 aliajiriwa stendi ya mabasi ya Haifa, kwanza dirisha la tiketi, kisha kwenye kipaza sauti, na hapo alikaa hadi alipostaafu mwaka 1991. Wengi wenu mliijua sauti yake kabla ya kumjua yeye. Palikuwa na kijana fundi rangi, Zigi Lachs, mzaliwa wa Czernowitz, Bukovina ileile, aliyekuwa akikosa basi la saa kumi na mbili kasoro kila asubuhi. Siku moja kipaza sauti kikasema: "Yule kaka mwenye ndoo mbili, basi lako limekwisha kwenda. Usilikimbize, unamwaga rangi. Nenda kanywe chai." Akaenda kunywa chai. Walifunga ndoa tarehe 18 Juni 1953, na Mungu akawajalia watoto wawili, Arie mwaka 1955, aliyepewa jina kwa ajili ya Poldi, maana Arie kwa Kiebrania ni simba, kama Leo ya Leopold, na mimi mwaka 1959.

Baba yetu alikuwa mtu mwema na alikuwa na sheria moja: ya kule hayaingii ndani. Mgeni akianza kusimulia, baba alitema mate mara tatu, akasema "majina yao yafutwe," kisha akauliza habari za mpira. Mama aliitii sheria ile miaka arobaini na mitano. Nilikua nikijua kwamba palikuwa na mjomba Poldi, na kwamba hakuna kuuliza. Baba alifariki Novemba 1998. Matanga yalipokwisha, mama alijipangusa unga mikononi, akasema, "Haya. Sasa zamu yangu."

Mwaka 1999 alitoa ushuhuda mbele ya kamera, kwa muda wa saa nne na nusu. Hakuridhika. "Nimeiambia mashine," alisema, "na mashine haikuniuliza hata swali moja." Mwaka uleule aliandika barua kwa maktaba ya Hliboceni, na mkutubi mmoja muungwana akamjibu. Grosu hakushitakiwa wala hakuhojiwa. Alipandishwa cheo kuwa mwalimu mkuu, akastaafu mwaka 1961, akafa 1967, akazikwa kwa bendi ya shule, na picha yake imetundikwa ukumbini mpaka leo. Mama aliisoma barua ile mara mbili, akaikunja, akaenda kusugua sufuria ambayo tayari ilikuwa safi. Nami niliogopa kumkaribia.

Mwaka 2011, akiwa na miaka themanini, alijiunga na kikundi cha ushuhuda cha hapa Kiryat Haim: manusura wanane wa maangamizi na vijana kumi na watano wa sekondari. Mwaka mzima wazee husimulia na vijana huuliza, na mwisho hupanda jukwaani pamoja. Vijana huigiza wazee walipokuwa wadogo, na wazee huigiza baba na mama zao. Liraz, msichana wa miaka kumi na saba mwenye ulimi mkali, ndiye aliyepangiwa kuwa Gusta. Mwongozaji, Hagai Ben-Zur, akauliza nani atakuwa mwalimu. Vijana wa kiume wote wakaanza kukagua viatu vyao.

"Mimi," mama akasema.

"Bibi Gusta, wewe tumekupangia uwe mama yako."

"Mama yangu ataigizwa na yeyote mwenye moyo mzuri, wapo tele hapa. Huyu anahitaji mtu anayemjua."

Liraz akadakia, "Bibi, masharubu utatoa wapi?"

"Mjukuu wangu, kwa umri huu nikiacha kunyoa wiki mbili yanatosha."

Ugomvi ulikuja kwa ajili ya jina. Hagai alikuwa ameandika "Mwalimu" tu. Mama akataka jina kamili. Hapo akainuka mzee Bumi Herscovici, mmoja wa wale manusura wanane, aliyemzika kaka yake ng'ambo ya mto uleule, na ambaye yuko nasi hapa leo. Ameniruhusu niyaseme.

"Jina lake lifutwe!" Bumi alisema. "Mimi sisimami jukwaa moja na jina la mbwa yule."

"Mbwa hajanikosea kitu, Bumi. Mwache mbwa."

"Gusta, usinichezee. Tangu enzi za babu zetu, muovu hufutwa. Hatumpi mdomo wetu."

"Na likifutwa anafaidika nani? Poldi?"

"Sisi. Tunapumua kidogo."

"Anayepumua ni yeye! Kazikwa kwa bendi, kapigwa picha, katundikwa ukutani. Kitu kimoja tu anachokiomba huko aliko, watu wa kwetu tusimtaje. Na wewe kila siku unamfanyia hisani hiyo, tena unamwongezea na mate!"

Bumi alichukua kofia yake. Mlangoni akageuka, "Mwanamke, wewe ni mbaya kuliko mama mkwe wangu." Wiki tatu hakuonekana mazoezini.

Onyesho la kwanza lilikuwa jioni ya tarehe 18 Aprili 2012. Watu walikuwa mia tatu, wengi wao wazee. Mama alitokea amevaa koti la kiume lililomfika miguuni, akasema, "Mimi ni mwalimu Ilarion Grosu." Na ukumbi mzima, uliokuwa umeshasimuliwa alilotenda mwalimu, kwa mazoea tu ukanguruma: "Jina lake lifutwe!" Bumi, aliyekuja kimyakimya na kukaa safu ya tatu, alipaza sauti kuliko wote. Ngurumo ile ikalimeza jina lenyewe. Waliokaa nyuma walikuwa wanaulizana, "Kasema nani? Kasema nani?"

Mama aliacha kuigiza, akaja hadi ukingoni mwa jukwaa. "Hamkusikia," alisema. "Narudia." Akarudia, nao wakanguruma tena. Mara ya tatu alitumia sauti ya stendi: "Ilarion Grosu, mwana wa Vasile, Mtaa wa Kinu namba kumi na nne, Hliboceni. Mkimaliza kufuta mniambie, mimi sina haraka, nimestaafu." Mtu mmoja akacheka, wengine wakanyamaza. Ndipo alipolisema mara ya nne, polepole, na ukumbi ukalipokea bila neno. Ndiyo sababu niliyowaahidi. Sisi watu wa laana nzuri, kwa bidii yetu ya kumlaani, tulikuwa tunamficha.

Kisha akaenda kumtoa Poldi. Hagai alitaka kuleta mtoto wa jirani, mama akakataa katakata. Alivuka jukwaa lote amemshika mkono mtoto asiyekuwepo, mkono wake umeshuka hadi usawa wa kichwa cha mtoto wa miaka minne, naye amepunguza mwendo ili mdogo asichoke. Alimtabasamia. Akamfikisha kwa askari, akasema, "Huyu mmemsahau," kwa sauti ya mtu anayerudisha mwavuli. Nilikuwa safu ya kwanza na nilimchukia. Kwa dakika nzima nilimchukia mama yangu mzazi, na alikuwa amekusudia hivyo, kwa kuwa Klara naye alimpenda mwalimu Grosu kabla ya kumchukia.

Baadaye Bumi alikuja nyuma ya pazia, kofia mkononi. "Nimesikia," alisema. Mama akamuuliza amesikia nini. "Grosu," Bumi akajibu, na hakutema mate. Walipeana mikono, wakaanza kugombania kiti.

Waliigiza mara arobaini na moja, mashuleni, katika kambi za jeshi, na mara moja katika nyumba ya wazee ambako vipaza sauti viliharibika na hakuna aliyegundua.

Mwaka 2015 ilikuja barua kutoka Romania. Mjukuu wa Grosu, daktari wa meno aitwaye Sorin, alikuwa ameiona kanda ya mchezo. Aliandika kwa adabu. Babu yake alifundisha watoto mia nne, alisema, na jina hili sasa wanalo watoto wadogo wa Sorin mwenyewe. Je, haingetosha kusema "mwalimu"? Mimi niliandaa jibu la upole. Mama alilichana vipande vinne akaandika lake: "Bwana Sorin, wewe sikulaumu kwa lolote. Nitafutie jiwe lenye jina la Leopold Druckmann, popote duniani. Siku ukinionyesha, nitanyamaza." Baada ya miezi miwili kijana akajibu kwamba ametafuta na hakupata, akaomba ruhusa aweke jiwe yeye mwenyewe. Mama akamjibu kwa mstari mmoja: aweke, na chini ya jina la mtoto aandike ni nani aliyempeleka. Hajaandika tena mpaka leo.

Wapo kati yenu mliosema kwamba alizidi. Nami nilisema hivyo. Nilimwambia, "Mama, kijana wa watu kakosa nini?"

"Hajakosa. Lakini ananiomba kitu kisicho changu. Mwenye kusamehe ni Poldi, na Poldi ana miaka minne. Hajui kusamehe. Anajua kulia tu."

Nilichokuwa nikikiita ukaidi kilikuwa ni mtu mmoja amesimama mlangoni miaka sabini, peke yake, kuhakikisha mwizi hatoki na koti. Nakasirika kwamba tulimwacha asimame peke yake muda wote ule. Na nikishamaliza kujikasirikia, namkasirikia Grosu, na hasira hiyo haina dalili ya kwisha.

Mwezi Novemba 2018 alianguka bafuni akavunjika nyonga. Tangu hapo moyo nao ukaanza kumchosha, akaingia na kutoka hospitali mara sita. Maumivu aliyavumilia vibaya sana, kwa kelele, na wauguzi walimpenda. Kilichomnyima raha ni kingine. "Nikifa, nakufa naye," aliniambia. "Nani atamtaja?" Nilichelewa kujibu, na kwa kuchelewa huko namwomba radhi mbele yenu. Mwisho nikasema, "Mimi, Mama."

"Wewe? Wewe una sauti ya mtu anayeomba chumvi."

Akanisimamisha dirishani na kunifanyisha mazoezi, jina, baba yake, mtaa, namba ya nyumba, kila alasiri, mpaka jirani wa ng'ambo ya barabara akafungua dirisha na kuuliza huyo Grosu ni nani na kwa nini haji anapoitwa. Mama alicheka hadi akahitaji hewa ya mtungi. "Mwambie!" alisema. "Mwambie ni nani!" Nikamwambia jirani, kutoka dirishani, habari yote. Ulikuwa ushuhuda wangu wa kwanza.

Marehemu alifariki jana, Jumanne tarehe 14 Januari 2020, saa kumi na mbili kasoro dakika kumi asubuhi, akiwa na umri wa miaka themanini na minane, mimi na kaka yangu tukiwa tumemshika mikono.

Ameacha mwanawe Arie na mkewe Dorit. Binti yake Tirtza. Wajukuu watano, Yoav, Hamutal, Eitan, Smadar na Noga. Na vitukuu wawili. Amemwacha mzee Bumi bila mtu wa kugombana naye. Amemwacha Liraz, ambaye sasa ni mwalimu wa historia, na ambaye Aprili ijayo atalivaa lile koti na kuvuka jukwaa badala yake. Matanga ya siku saba yatakaliwa nyumbani kwake kuanzia leo, na ya kule, safari hii, yanaingia ndani.

Sasa naomba utulivu, na midomo ifungwe. Ilarion Grosu, mwana wa Vasile, mwalimu, wa Mtaa wa Kinu namba 14, Hliboceni, alimshika mkono Leopold Druckmann, mtoto wa miaka minne, akampeleka.

Asanteni kwa kunyamaza. Mama apumzike sasa, kazi yake tumeipokea. Grosu asipumzike.